Danieli, Belteshaza na majina ya Mbulu

Tafuta maana ya jina Danieli na jibu litakuja haraka: asili ni Kiebrania, maana yake "Mungu ndiye mwamuzi wangu", na mwenye jina ni mpole, ana hekima, anapenda haki. Nusu ya kwanza ni sawa. Nusu ya pili ni ramli, haina tofauti na safu ya nyota gazetini. Anayetaka kujua tabia ya jina hili asome hadithi yake, maana Kitabu cha Danieli chenyewe kinaanza na ugomvi wa majina.

Sura ya kwanza iko wazi. Vijana wanachukuliwa mateka kutoka Yuda, wanaingizwa katika shule ya mfalme wa Babeli kwa miaka mitatu, wanafundishwa lugha ya wenyeji wao. Na wanabadilishwa majina. Danieli anakuwa Belteshaza. Hanania, Mishaeli na Azaria wanakuwa Shadraka, Meshaki na Abednego. Majina yote manne ya mwanzo yalibeba jina la Mungu wao. Mapya hayalibebi, na katika sura ya nne mfalme anatamka mwenyewe kwamba Belteshaza limefuata jina la mungu wake.

Sasa ipeleke hadithi hiyo Mbulu na Hanang. Mtoto wa Kiiraqw anazaliwa, nyumbani anaitwa Tluway, jina linalotoka kwenye mvua. Mwenzake wa Kidatoga ana jina linaloanza na Gida-, alama ya mwanamume. Halafu inakuja siku ya ubatizo au ya kuandikishwa shule, na kijana anatoka huko akiwa Danieli. Yaani jina ambalo Babeli ililinyang'anya, huku ndilo linalowekwa juu ya jingine. Na ukikutana na kina Shadraka na Meshaki, ambao hawakosekani Tanzania, ujue hao wamebatizwa kwa majina waliyoyatoa watekaji.

Kuna jambo lingine ambalo tafsiri inalificha. El wa Kiebrania ni wa kiume. Lo'a wa Wairaqw, ambaye ni Mungu na ni jua, ni wa kike, na watu humsema kama mama. Kiswahili hakina jinsia kwenye "Mungu", kwa hiyo "Mungu ndiye mwamuzi wangu" inapita pale katikati bila mtu kushtuka. Mwairaqw anayelifikiria jina hilo kwa lugha ya nyumbani anapata mwamuzi tofauti kabisa. Hakuna orodha ya maana ya majina itakayokuambia hivyo.

Wapo wanaosema dawa ni kuyatupa majina ya Biblia. Mimi siko huko. Wazazi wengi wameyachagua kwa imani na kwa mapenzi, na yameshakuwa ya hapa. Mtazame John Stephen Akhwari, mzaliwa wa Mbulu, aliyemaliza marathoni ya Mexico 1968 wa mwisho, mguu umefungwa bandeji. John ni Yohana, na Yohana ni Hanania aliyegeuzwa: vipande ni vilevile, "Mungu" na "neema", ila mpangilio umebadilika. Stephen ni la Kigiriki. Akhwari ni la nyumbani. Majina matatu, mtu mmoja, na hakuna lililomfukuza mwenzake. Miaka 10 baadaye, kule Edmonton, marathoni ya Jumuiya ya Madola ilichukuliwa na Gidamis Shahanga, ambaye jina lake la mbele ni Kidatoga kitupu. Lilitangazwa na dunia ikalitamka.

Kinachonisumbua ni lile jina la nyumbani kupotea njiani. Na hapo fani yangu ina lawama. Kwenye vyumba vya habari, jina lenye hh au tl ndilo la kwanza kukosewa, na likishakosewa mara mbili tatu linakatwa, anabaki Danieli mtupu. Karani wa shule naye hufanya hivyohivyo.

Ndiyo maana ninavutiwa zaidi na msimulizi wa kitabu kile kuliko simba wake. Danieli anatumikia ikulu akiwa na jina la Belteshaza, hapigani nalo. Msimulizi ndiye anayekataa: anataja jina jipya inapobidi, kisha anarudi kwenye Danieli, sura baada ya sura. Wale watatu hakuwatendea hivyo, ndiyo maana tunawakumbuka kwa majina ya Babeli. Ila katika Biblia ya Kikatoliki, inayosomwa na wengi Mbulu, sura ya tatu ni ndefu zaidi, na ndani ya tanuru anayeomba ni Azaria. Katika wimbo wao wa motoni, wanajiita Hanania, Azaria na Mishaeli.

Kwa hiyo mwite mwanao Danieli, ni jina zuri. Ila Tluway liandikwe pia, kwa herufi zake zote, kwenye cheti na kwenye gazeti.