Usaili Kabla ya Usaili: Usawiri wa Uteuzi wa Waigizaji katika Filamu ya Nairobi Half Life

Ikisiri

Makala haya yanahakiki namna filamu ya Nairobi Half Life (2012), iliyoongozwa na David "Tosh" Gitonga, inavyosawiri usaili na uteuzi wa waigizaji. Hoja kuu ni kwamba filamu hii ina usaili wa aina tatu: unaouzwa, usiotangazwa na ulio rasmi. Usaili rasmi, ambao watazamaji wengi huuona kuwa ndio wenye uamuzi, unahitimisha tu kazi iliyokwisha kufanywa na ule uliotangulia. Hata hivyo, makala yanaonyesha kwamba mwishoni filamu yenyewe inafanya usaili wa nne, kwa kuamua ni nani anayestahili kubaki hai, na hapo inarudia kosa inalolikosoa. Filamu za Bellissima (1951) na Supa Modo (2018) zimetumika kama vilinganishi.

1.0 Utangulizi

Nomino "usaili" inatokana na kitenzi "-saili", yaani kuuliza maswali ili kupata ukweli. Nchini Tanzania neno hilohilo hutumika kwa mwombaji wa ajira na kwa mwombaji wa nafasi katika filamu. Katika hali zote mbili, upande mmoja una haki ya kuuliza na upande wa pili una wajibu wa kujibu. Swali ambalo halipati nafasi mezani ni hili: anayesailiwa amepitia wapi hadi kufika mbele ya meza hiyo?

Filamu nyingi zinazosawiri usaili hulikwepa swali hilo. Mfano ni La La Land (2016) ya Damien Chazelle. Humo Mia anakatizwa na kupuuzwa katika usaili mmoja baada ya mwingine, kisha anapata usaili wa mwisho ambapo anaachwa asimulie hadithi yake, na kipaji chake kinaonekana. Usaili unasawiriwa kama lango: linaweza kuchelewa kufunguka, lakini mwenye kipaji hatimaye hupita.

Mwandishi wa makala haya aliitazama Nairobi Half Life kwa mara ya kwanza katika banda la video mjini Tunduma, mkoani Songwe, kabla ya kuirudia kama matini ya uhakiki. Mapema katika filamu, watazamaji waliangua kicheko pale mhusika mkuu, Mwas, anapotozwa shilingi elfu moja ili apatiwe nafasi ya kuigiza, naye akamudu mia tano. Kicheko hicho hakikuwa na dharau. Kilikuwa kicheko cha watu wanaoufahamu utaratibu wa kutanguliza nusu na kubaki na deni. Uhakiki huu umeanzia hapo.

2.0 Mkabala wa Uhakiki

Uchambuzi umeongozwa na dhana ya mtaji wa kitamaduni, iliyoasisiwa na mwanasosholojia wa Ufaransa, Pierre Bourdieu. Kwa mujibu wa dhana hii, lugha, lafudhi, namna ya kukaa na kusimama, pamoja na mazoea ya mtu ni mali inayorithiwa na kulimbikizwa kama fedha. Taasisi zinazodai kupima uwezo, kwa mfano shule, aghalabu hupima mali hiyo bila kuitaja. Dhana hii imeteuliwa kwa kuwa usaili wa waigizaji ni mahali ambapo mwili na sauti ya mtu ndivyo vinavyopimwa waziwazi, na ambapo neno "kipaji" huficha mengi.

3.0 Usaili wa Aina Tatu katika Nairobi Half Life

Usomaji uliozoeleka huichukulia filamu hii kama kisa cha uhalifu, au kama kisa cha kijana wa shamba anayepotoshwa na mji, dhamira ambayo msomaji wa riwaya ya Kiswahili anaifahamu tangu Utengano (1980) ya Said Ahmed Mohamed. Usomaji huo hauna kosa, ila unaupa uigizaji nafasi ya pambo. Makala haya yanapendekeza kwamba uteuzi wa waigizaji ndio mhimili wa msuko.

3.1 Nafasi Inayouzwa

Mwas, anayeigizwa na Joseph Wairimu, anauza kijijini kwao diski za filamu za mapigano za kigeni. Ili kuvuta wateja, huigiza matukio ya filamu hizo hadharani. Kwa hiyo mtazamaji anakutana naye akiwa tayari mwigizaji mwenye hadhira na kipato, ijapokuwa hakuna taasisi iliyomtambua. Kundi la waigizaji kutoka Nairobi linapofika, anamwomba mmoja wao msaada. Anaambiwa atoe shilingi elfu moja. Anatoa mia tano, na kutakiwa kuifikisha nusu iliyobaki katika jumba la maonyesho la taifa jijini Nairobi.

Ni rahisi kulisoma tukio hili kama kielelezo cha rushwa ya Kiafrika. Ulinganisho na Bellissima, filamu ya Luchino Visconti, unazuia usomaji huo. Katika Italia ya baada ya vita, Maddalena, mama wa tabaka la chini anayeigizwa na Anna Magnani, anampeleka bintiye mdogo kwenye usaili katika studio za Cinecittà. Anamlipa kijana mmoja lira 50,000 ili amsaidie kwa wakubwa, naye kijana anazitumia kujinunulia pikipiki. Katika kazi zote mbili, dalali anauza kitu kilekile: ukaribu na meza. Palipo na lango moja na watu wengi nje, huzuka mtu wa kuuza njia ya kulifikia.

Tofauti iko mwishoni. Maddalena anapoona watu wa studio wakimcheka bintiye kwenye kioo, na baadaye mkataba ukaletwa nyumbani, anaukataa. Visconti anampa mwombaji haki ya kusema hapana. Mwas hapewi haki hiyo popote, kwa sababu kila hatua anaifikia akiwa na deni.

3.2 Usaili Usiotangazwa

Mwas anaondoka na fedha kidogo za mama yake, pamoja na redio ya bei ghali aliyokabidhiwa na binamu yake aifikishe River Road. Siku ya kwanza jijini anaibiwa kila kitu, kisha anakamatwa na kuwekwa mahabusu, ambako analazimishwa kusafisha choo. Humo ndimo anamokutana na Oti, anayemwingiza katika genge la wezi wa vipuri vya magari.

Makala haya yanalisoma tukio la mahabusu kama usaili kamili. Yuko mwenye kutazama na yuko mwenye kutazamwa; liko jaribio lisilo na huruma; na mwisho inatolewa nafasi. Genge halimuulizi Mwas ametoka wapi wala anazungumza lugha gani. Linapima kama anaweza kuvumilia na kujifunza haraka. Kejeli ya filamu ni kwamba uteuzi wa wahalifu unaonekana kuwa wa haki kuliko ule wa wasanii: hautozi ada ya kuingia, na aliyeteuliwa anaanza kazi. Gharama yake inadaiwa baadaye, kwa mkupuo mmoja.

3.3 Usaili Rasmi

Akiwa tayari ndani ya genge, Mwas anafanya usaili na kupata nafasi katika tamthilia inayoandaliwa na Phoenix Players. Kwa mujibu wa La La Land, hapa ndipo kisa kingefikia kilele. Gitonga analiweka tukio hili katikati, bila kulipa uzito wa ushindi, na baada yake matatizo ya Mwas yanaongezeka. Sasa anapaswa kuishi maisha mawili, na jina la filamu linadokeza kwamba katika kila moja anaishi nusu tu.

Linalostahili kuzingatiwa ni tofauti ya maarifa kati ya wasaili na watazamaji. Wasaili wanamwona kijana kwa dakika chache. Mtazamaji anajua habari za diski, mia tano, redio iliyoibiwa na choo cha mahabusu. Kile ambacho wasaili wangekiita kipaji, mtazamaji anakitambua kuwa ni limbikizo la mateso na biashara ndogondogo. Kwa istilahi za Bourdieu, Mwas anafika mezani na mtaji ambao meza hiyo inaupenda lakini isingeuuliza asili yake. Hapa ndipo nguvu ya filamu ilipo: inamweka mtazamaji upande ambao kwa kawaida msaili hauoni.

4.0 Usaili wa Nne: Nani Anabaki Hai

Hata hivyo, uhakiki hauwezi kuishia katika sifa. Msuko unaposogea mwishoni, wenzake Mwas katika genge wanauawa mikononi mwa polisi. Mwas anaokoka, anafika jukwaani na kumaliza kwa maneno yanayoielekea hadhira kuhusu kuchagua na kufumba macho. Ni mwisho wenye kugusa, na uigizaji wa Wairimu, uliompatia tuzo ya mwigizaji bora katika tamasha la filamu la Durban mwaka 2012, unaubeba vizuri.

Lakini mwisho huo una mantiki yake. Kati ya vijana waliozama katika maisha yaleyale, anayeokolewa na msuko ni yule mwenye kipaji cha jukwaani. Oti ni mwerevu, mwaminifu kwa wenzake kwa kiasi kikubwa, na ndiye aliyempa Mwas nafasi pale ambapo hakuna mwingine aliyempa. Hana anachoweza kukionyesha mbele ya meza ya wasaili, na filamu inamwacha afe. Kwa hiyo kazi inayotuonyesha kwa makini jinsi lango lilivyo dogo inaishia kukubali kwamba waliopita walistahili na waliobaki nje walikuwa wa ziada.

Yaweza kupingwa kwamba filamu inaakisi tu uhalisi, na kwamba vifo hivyo ni shutuma dhidi ya polisi. Pingamizi hilo lina uzito. Ila shutuma ingebaki kali hata kama aliyeokoka angekuwa mtu asiye na kipaji chochote. Kumchagua msanii ni uamuzi wa kisanaa, na uamuzi wa kisanaa ni halali ya mhakiki kuuhoji.

5.0 Nafasi Inayomfuata Mtu: Supa Modo

Supa Modo ya Likarion Wainaina imetokana na ushirikiano uleule wa uzalishaji, wa One Fine Day Films na Ginger Ink. Jo, mtoto wa miaka tisa mwenye ugonjwa usiotibika, anatolewa hospitali na kurudishwa kijijini. Anapenda filamu za mashujaa wenye nguvu za ajabu. Dada yake, Mwix, anawashawishi wanakijiji waigize ili Jo aamini kwamba naye ana nguvu hizo, na hatimaye kijiji kinaamua kutengeneza filamu ambayo yeye ndiye shujaa.

Utaratibu wa uteuzi umepinduliwa. Katika Nairobi Half Life nafasi ipo kwanza, na watu wanashindana kuijaza. Katika Supa Modo mtu yupo kwanza, na nafasi inaundwa kwa kipimo chake. Hakuna anayemsaili Jo. Wanaojaribiwa ni wanakijiji wenyewe, kama wanaweza kuigiza vya kutosha ili mtoto mmoja afurahi.

Hata hapa tahadhari inahitajika. Kijiji kinaonyesha ukarimu huo kwa mtoto anayekufa. Filamu haituambii kama kingefanya vivyo hivyo kwa kijana mwenye afya anayeuza diski barabarani. Zikisomwa pamoja, filamu hizi mbili zinaibua swali ambalo hakuna hata moja inayolijibu: je, jamii inaweza kumwundia nafasi mtu ambaye bado ana miaka mingi ya kuishi?

6.0 Kuitazama Filamu kutoka Tunduma

Swali hilo lina maana ya pekee kwa mtazamaji wa Songwe. Tunduma inapakana na Nakonde ya Zambia, na inapitiwa na barabara kuu iendayo Zambia pamoja na reli ya TAZARA. Mkoa wenyewe ulianzishwa mwaka 2016 kwa kumegwa kutoka Mbeya. Kijana anayejitambulisha kuwa mtu wa Tunduma aghalabu anakuwa amekwisha kugawiwa uhusika kabla hajafungua kinywa: dalali wa mpakani, mbadilisha fedha, msafirisha magendo. Huo nao ni usaili usiotangazwa.

Usaili rasmi uko mbali. Taasisi ya Sanaa na Utamaduni iko Bagamoyo, na tasnia ya filamu imejikita Dar es Salaam, takribani kilometa 900 kwa barabara. Historia ya uteuzi wa waigizaji nchini inathibitisha uzito wa umbali huo. Steven Kanumba alizaliwa Shinyanga, lakini njia yake ilifunguka Dar es Salaam, katika kundi la Kaole, ambamo pia alipitia Vincent Kigosi. Makundi ya namna hiyo yaliteua kwa kuzoeana: aliyekuwa karibu na mazoezi alionekana, na aliyeonekana alipangiwa nafasi.

Kuna pia suala la lafudhi. Katika vichekesho vya televisheni, lafudhi ya mikoani hutumika mara nyingi kuibua kicheko. Kijana wa Mbozi anayezungumza Kiswahili chenye mwangwi wa Kinyiha, au wa Momba chenye mwangwi wa Kinyamwanga, akifika mbele ya wasaili hupimwa kwanza kama mchekeshaji, hata akiwa amejiandaa kwa tanzia. Wakati huohuo, mpiga debe wa kituo cha mabasi cha Tunduma hushika hadhira yake kwa sauti, mwili na ubunifu wa papo kwa papo, kama Mwas na diski zake. Anao mtaji. Kinachokosekana ni meza inayoutambua.

7.0 Hitimisho

Makala haya yameonyesha kwamba Nairobi Half Life inausawiri usaili rasmi kama kiungo cha mwisho katika mnyororo mrefu wa uteuzi, na kwamba inaudhoofisha ugunduzi huo kwa kumwokoa mwenye kipaji peke yake. Inapendekezwa kwamba uhakiki wa filamu za Kiswahili usiishie kuuliza kama mwigizaji aliuvaa uhusika ipasavyo. Uulize pia uhusika huo ulitengwa kwa ajili ya nani, na nani hakufika kusailiwa. Kwa waandaaji wa filamu, pendekezo ni kuyapeleka mazoezi na usaili katika miji ya pembezoni, na kusikiliza lafudhi zake katika nafasi zisizo za kuchekesha.

Watazamaji wa banda lile walicheka kwa sababu ya mia tano. Oti alipokufa, hakuna aliyecheka. Mzee mmoja aliuliza tu, kwa sauti ya chini, kwa nini huyu naye hakupelekwa jukwaani. Makala haya yamejaribu kulichukulia swali hilo kama swali la kihakiki.