Hofu Iliyomo Nyumbani: Uhakiki wa Insha ya Freud

Mwaka 1919 Sigmund Freud alichapisha insha juu ya hofu aliyoiita kwa neno la Kijerumani "unheimlich", neno ambalo ndani yake limo neno "nyumba". Hoja yake kuu ni kwamba kitutiacho hofu ya namna hii si kitu kigeni. Ni kitu tulichokijua zamani, tukakificha, nacho kimerudi. Kwa hoja hiyo aliona kuwa maelezo ya Ernst Jentsch ya mwaka 1906 hayatoshi. Jentsch alisema hofu hiyo yatokana na mashaka ya akili: mtu hajui tena mahali asimamapo. Je, mchungaji wa Kagera amfuate yupi?

Tetemeko la tarehe 10 Septemba 2016 lamtetea Jentsch. Watu wengi wa Bukoba walilala nje, hata ambao nyumba zao zilikuwa zimesimama. Hapakuwa na siri iliyofufuka. Ukuta ulikuwa ule ule, mlango ule ule, ila tumaini juu yake lilikuwa limeondoka. Baadhi yetu tuliwahimiza warudi ndani iwe ishara ya imani. Tulikosea. Tuliwaamuru wasione nyufa walizoziona.

Lakini tukikumbuka miaka ya 1980, Freud naye ana neno kwetu. Wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI nchini walitambuliwa Kagera mwaka 1983. Ugonjwa ukaitwa "Juliana", jina la vazi la fasheni la wakati ule, na katika mazishi mengi haukutajwa. Kwa kuwa Wahaya huzika kibanjani, yatima wa Muleba alicheza migombani, kando ya kaburi la baba ambaye hakuna aliyemweleza kifo chake. Hapo nyumba ilifanywa ngeni na jambo ambalo kila mtu alilijua na kila mtu alilinyamazia, Kanisa likiwamo.

Upungufu wa Freud ni kwamba aishia katika kutambua. Haulizi ni nani atakayekaa na mwenye hofu. Zaburi ya 46 haikani kwamba nchi hutikisika, bali yaliungama kimbilio katikati ya mtikisiko huo.

Basi, kabla ya kufariji hatuna budi kuuliza: mtu huyu amepoteza uhakika, au amebeba siri? Wa kwanza ahitaji fundi wa kukagua ukuta, na mchungaji wa kukesha pamoja naye uani. Wa pili ahitaji msikilizaji asiyehukumu. Tukiwapa wote wawili hubiri moja, tutakuwa tumewazidishia ugeni.