Kusoma Slaidi Kwenye Ukingo wa Mwanga

Vumbi la mwamba linalotoka kwenye maduara na makarasha ya dhahabu huyachosha mapafu ya mchimbaji, na mapafu yaliyochoka ni rahisi kushikwa na kifua kikuu. Ndiyo maana maabara za Kahama, mji wa machimbo, haziwezi kuisahau hadubini. Siku hizi mashine ya GeneXpert hutambua vinasaba vya bakteria wa ugonjwa huo, lakini mgonjwa aliyeanza dawa bado hufuatiliwa kwa slaidi, kwa sababu mashine hiyo hunasa pia mabaki ya bakteria waliokwisha kufa.

Slaidi ya makohozi hutaka mkono mtulivu. Makohozi hupakwa kwenye kioo, yakaachwa yakauke, yakapitishwa juu ya moto. Kisha humwagiwa rangi nyekundu ya fuksini na kupashwa mpaka mvuke uanze kutoka. Yakichemka, kazi imeharibika. Hufuata spiriti yenye asidi, inayoosha wekundu wote isipokuwa wa bakteria wenyewe, kwa kuwa ganda lao la nta huing'ang'ania rangi. Mwisho huwekwa buluu, ili vijiti vyekundu vipate kuonekana. Mtaalamu hutia tone la mafuta, hushusha lenzi ya mia, akaanza kutembea juu ya slaidi. Kabla ya kuandika kwamba hakuna kitu, anapaswa kuwa ameangalia sehemu 100 za slaidi moja, jicho lake likiwa macho katika ya mwisho kama lilivyokuwa katika ya kwanza. Kwangu mimi huu ni ufundi kamili, na ni nadra kuusikia ukisifiwa.

Tena ni ufundi unaofanyika mpakani mwa kile mwanga unachoweza kuonyesha. Bakteria wa kifua kikuu ana unene wa kati ya nanomita 200 na 500. Mwaka 1873, mjini Jena, Ernst Abbe alionyesha kwamba mwanga ukipita kwenye lenzi hutanuka, hivyo vitu viwili vilivyokaribiana kuliko takriban nusu ya urefu wa wimbi lake huonekana kuwa kimoja. Kwa mwanga wa kijani na lenzi bora, mpaka huo uko karibu na nanomita 200. Robert Koch alipomtangaza bakteria huyu mjini Berlin mwaka 1882, alikuwa akitumia lenzi za Zeiss zilizobuniwa na Abbe. Ukikuza zaidi ya mpaka wa Abbe unapata ukungu mkubwa zaidi. Kijiti utakiona, kilichomo ndani yake, hapana.

Kwa zaidi ya miaka mia moja hali ilikuwa hiyo. Kisha Stefan Hell, akiwa Turku nchini Finland, akajiuliza swali lililoiacha kanuni ya Abbe ilivyo: je, ni lazima kila molekuli iliyotiwa rangi ing'ae kwa wakati mmoja? Mwaka 1994 alichapisha wazo lake. Leza moja iziwashe molekuli, nyingine yenye umbo la pete izizime zote zilizo kandokando, ibaki nukta ndogo tu katikati. Nukta hiyo husogezwa hatua kwa hatua juu ya kitu kizima. Mwaka 2000 alionyesha kwamba inawezekana.

Njia nyingine ya kuukwepa mpaka huo, ya Eric Betzig na Harald Hess, ndiyo inayonigusa zaidi. Fikiria wachimbaji wengi usiku, mlimani kwa mbali, kila mmoja na tochi yake ya kichwani. Zikiwaka zote pamoja, unaona doa moja la mwanga. Kila mmoja akiwasha peke yake kwa zamu, unaweza kuweka alama katikati ya kila mwanga, na mwishoni umepata ramani ya watu wote. Molekuli huwashwa hivyo hivyo, chache chache, picha kwa maelfu. Ukungu wa kila moja bado ni mpana, ila kitovu chake hujulikana kwa nanomita chache. Betzig alikuwa ameiacha sayansi, akafanya kazi katika kampuni ya baba yake ya mashine huko Michigan. Kifaa cha kwanza walikijenga sebuleni kwa Hess, La Jolla, wakachapisha matokeo mwaka 2006. Mwaka 2014 Betzig, Hell na mwanasayansi mwingine, William Moerner, walishiriki Tuzo ya Nobel ya kemia.

Vifaa hivyo ni ghali, na maabara ya wilaya haivihitaji kila siku. Lakini mwaka 2015 kundi la Ed Boyden huko MIT lilikuja na njia ya unyenyekevu: badala ya kukikuza kivuli, wakakikuza kitu chenyewe. Seli hufungwa ndani ya jeli ya aina ileile ya kemikali inayonyonya maji kwenye nepi za watoto. Maji yakiingia, jeli huvimba na kuitanua seli takriban mara nne kila upande. Hadubini ya kawaida huona kilichokuwa kimefichwa. Mwaka 2021 watafiti wa Geneva waliitumia kwa vimelea vya malaria, katika hatua wanayopitia tumboni mwa mbu, wakakuta mabaki ya konoidi, pete ndogo kichwani mwa kimelea ambayo kwa miaka mingi ilidhaniwa kuwa vimelea hao wamekwisha kuipoteza.