Mlalamishi, kicheko na lafudhi

Ipo dhana iliyokita mizizi miongoni mwa wanafunzi wetu wa fasihi kwamba kichekesho cha *Vioja Mahakamani* kimo katika lafudhi za washtakiwa. Mimi nasema hapana. Hebu mpe Ondiek Nyuka Kwota Kiswahili sanifu cha Unguja, na bado utacheka.

Tazama jinsi mchezo wenyewe ulivyosukwa. Pana hakimu, kiongozi wa mashtaka, kizimba na kiapo. Sajili ni ile ya “mheshimiwa” na “mnamo tarehe”. Kisha joho hilo zito linavishwa kero ndogo, ugomvi ambao majirani wangeumaliza kwa kikombe cha chai. Kinachochekesha ni joho kumpwaya aliyelivaa.

Wananchi wanaujua ufundi huu bila kuusomea. Juzi ndani ya matatu mama mmoja alikuwa akingoja chenji yake ya shilingi 10. Hakufoka. “Kondaa, ile kumi yangu naona umeiwekeza. Sawa tu, lakini faida uwe unanitumia kila mwisho wa mwezi.” Gari zima likaangua kicheko, konda akatoa pesa, tena upesi! Sajili ya benki imetwikwa sarafu moja.

Kiswahili chenyewe kina mtego hapa. Mahakamani, mlalamishi ni mtu mwenye haki ya kusikilizwa. Mtaani, mlalamishi ni mtu asiyetosheka. Mama yule angedai kwa ukali, abiria wangemwona mlalamishi wa mtaani na kumi ingekwenda na maji. Mzaha ulimpandisha kizimbani kama mwenye kesi.

Sikatai kwamba lafudhi ina nafasi yake. Marehemu Benson Wanjau, Mzee Ojwang’ wa *Vitimbi*, aliipiga ya Kijaluo barabara ilhali hakuwa Mjaluo. Ila Ojwang’ alikuwa na jambo linalomkera, na ukali wake ulikuwa na sababu. Wengi wa wachekeshaji wetu wa leo wameirithi lafudhi, kesi wakaiacha. Tunachekeshwa Mkamba, Mluhya au Mmeru kwa kuwa ni Mkamba, Mluhya au Mmeru. Hapo kicheko kinamwangukia mtu, na lalamiko lake, kama analo, hakuna anayelisikia. Huo kwangu ni uvivu wa sanaa, na ni hatari katika nchi inayojua vyema matumizi mabaya ya kabila.

Ninaposahihisha tamthilia za wanafunzi wangu huwauliza swali moja: huyu mhusika wako anadai nini? Wengi hunijibu anakotoka.