Megawati 80 sawa, lakini kwa saa ngapi?

Mwaka 2018 kaunti ya Meru, Kenya, ilitangaziwa mradi mseto wa megawati 80: upepo, jua na betri. Habari kama hizi zinavutia, ila mara nyingi zinakuja na hoja moja: jua likizama, upepo unapokea zamu.

Kwa Musoma hoja hiyo ina tobo. Mchana nchi kavu hupata joto haraka kuliko Ziwa Victoria. Hewa yake hupanda, na upepo wa ziwani huingia kuziba nafasi. Yaani jua lenyewe ndilo linaloleta upepo huo. Usiku mambo hugeuka: upepo hutoka nchi kavu kwenda ziwani, na kwa kawaida ni hafifu zaidi. Kasi ikipungua nusu, nguvu iliyomo kwenye upepo hubaki sehemu moja ya nane tu. Pepo za misimu zinaweza kusaidia, lakini hilo hupimwa, halidhaniwi.

Sasa fikiria saa mbili usiku Bunda au Butiama: taa, tivii, friji za samaki, vyote vinadai umeme. Mzigo unaibukia kwa betri. Na betri ya megawati 10 yenye megawati-saa 20, ikitoa nguvu yake yote, inaisha baada ya saa mbili.

Kwa hiyo ukisikia mradi mseto unaletwa Mara, usianze kushangilia megawati. Uliza: upepo wa usiku umepimwa mwaka mzima? Na betri ina megawati-saa ngapi?