‘Zuri’ si kosa la sarufi. Kosa lilikuwa langu

MWEZI uliopita mwanangu na mkewe walijaliwa mtoto wa kike. Tulipokutana nyumbani Bungoma kumpokea, mkazamwana wangu alitangaza jina walilomchagulia: Zuri. Watu wote wakanigeukia. Ukishafundisha Kiswahili kwa zaidi ya miaka 30, hata jina la mtoto hungojewa ulipitishe wewe kwanza.

Sikusita. Nilisema jina hilo ni kosa la sarufi. Nikaeleza kwamba -zuri ni mzizi wa kivumishi na hauwezi kusimama bila kiambishi. Mtu ni mzuri, kiti ni kizuri, nyumba ni nzuri. Kumwita mtoto Zuri, nikasema, ni sawa na kumwita Refu. Wazee wakacheka. Mkazamwana akainamisha uso na kusema kwa sauti ya chini, “Haya, baba, tutafikiria.”

Wasomaji wa safu hii wanajua jinsi ninavyowakemea wanaovuruga ngeli. Leo nalazimika kujikemea mwenyewe. Nilikosea kisarufi na, lililo baya zaidi, sarufi haikuwa sababu yangu ya kweli.

Tuanze na sarufi. Ukifungua Kamusi ya Kiswahili Sanifu, utalikuta neno hili limetanguliwa na kistari: -zuri. Kistari hicho hutuambia kwamba mzizi unasubiri kiambishi cha ngeli. Hadi hapo niko sawa. Lakini hebu tazama ngeli ya LI-YA. Twasema jicho zuri, tunda zuri, ua zuri, shairi zuri. Kiambishi cha umoja cha ngeli hii, yaani ji-, hujitokeza tu pale ambapo mzizi ni wa silabi moja au unaanza kwa irabu: jambo jipya, jani jekundu, jina jema. Kwenye mizizi mingine hakionekani kabisa: jani refu, shamba kubwa, tunda zuri.

Kwa hivyo, ‘zuri’ bila kuongezwa chochote ni neno kamili. Na neno ‘jina’ lenyewe limo katika ngeli gani? LI-YA! Jina zuri, majina mazuri. Hata ule mfano wangu wa Refu, uliowachekesha wazee, ulikuwa umenisaliti nami sikung’amua. Mwanafunzi wa kidato cha pili angenisahihisha.

Isitoshe, majina ya watu yana uhuru wake. Neno likishakuwa jina la mtu, huiacha ngeli yake ya asili na kuingia A-WA. Baraka huteremka, lakini kijana aitwaye Baraka akishuka kwenye matatu twasema ‘Baraka ameshuka’, si ‘Baraka zimeshuka’. Nyota ya mbinguni imeanguka. Msichana Nyota ameanguka. Vivyo hivyo, Zuri amelala, Zuri ameamka, na Zuri ni mtoto mzuri. Hakuna sheria iliyovunjwa.

Mtu anaweza kuuliza: mbona basi jina hili halikuvuma miongoni mwa Waswahili wenyewe? Pwani, aliyetaka kumsifu bintiye kwa uzuri aghalabu alichota kwenye Kiarabu: Jamila, Husna. Zuri kama jina la mtu limekulia zaidi ng’ambo. Katika miaka ya 1960, Wamarekani weusi waliokuwa wakitafuta majina ya Kiafrika walikipenda Kiswahili kwa kuwa hakikufungwa kwenye kabila moja. Mnamo 1966 Maulana Karenga alianzisha sherehe za Kwanzaa zenye nguzo saba, zote kwa Kiswahili, na majina kama Imani na Nia yakapata wenyewe kule. Mwaka uo huo, mfululizo wa televisheni wa Star Trek ulimleta mhusika Uhura, ambaye jina lake limetokana na ‘uhuru’.

Zuri lilifuata njia hiyo hiyo. Mnamo 2011 watoto waliotazama kipindi cha Jessie walikutana na Zuri, msichana aliyeasiliwa kutoka Uganda. Mnamo 2018, katika filamu ya Black Panther, Zuri alikuwa mzee wa kiume, akiigizwa na Forest Whitaker. Katika miaka ya karibuni Zuri limeingia miongoni mwa majina 1,000 ya wasichana yanayotumika zaidi Marekani. Si jina la kila nyumba, lakini si geni tena. Sasa limerudi Nairobi likiwa limevaa suti.

Nakubali kwamba orodha za majina zinazouzwa kwa wazazi hupotosha sana. Huko utaambiwa Jelani ni Kiswahili, na maana yake ni ‘mwenye nguvu’. Wapi! Jina hilo latoka kwa Abdulkadir al-Jilani, walii aliyefariki Baghdad mnamo 1166, ambaye wafuasi wa tarika yake wako hata katika pwani yetu. Jilani maana yake ni mtu wa Gilan, eneo lililoko Iran. Utaambiwa pia Kamaria ni mwezi kwa Kiswahili. Mwezi wetu ni mwezi. Neno letu linalokaribiana na hilo kwa sauti ni kamari, na sidhani kuna mzazi anayemtakia bintiye hayo. Ukilinganisha na hayo, Zuri limesalimika: maana iliyoandikwa ndiyo maana yenyewe.

Kwa nini basi nilimwaibisha mke wa mwanangu mbele ya watu?

Marehemu mama yangu aliitwa Nanjala. Sisi Wabukusu humpa mtoto jina la majira au tukio alilozaliwa nalo. Nekesa amezaliwa wakati wa mavuno, Nafula wakati wa mvua, Nasimiyu wakati wa kiangazi. Nanjala amezaliwa wakati wa njaa. Mwanaisimu ataona mara moja kwamba ‘njala’ na ‘njaa’ ni neno moja, ila Kiswahili kimeidondosha ile l. Nilikuwa nikingoja mtoto huyu aitwe kwa jina la mama. Kabla ya siku ile nilikuwa nimepata fununu kwamba mkazamwana hataki kumwita bintiye ‘njaa’ kila asubuhi. Roho iliniuma. Badala ya kusema naumia, nikajificha nyuma ya ngeli. Sarufi ikawa rungu.

Kumbe mjadala wetu haukuwa wa viambishi hata kidogo. Majina ya zamani yalikuwa kumbukumbu. Hata Pwani kuna akina Shida, Tabu, Mashaka na Chausiku, na kila jina lina kisa cha siku mtoto alipozaliwa. Majina ya siku hizi ni dua: mzazi hasemi yaliyopita, anasema anachotamani. Namwelewa anayechagua dua. Ila nahofia kwamba tukibaki na dua pekee, watoto wetu watakuwa na majina yanayopendeza yasiyowakumbusha mtu yeyote. Wahenga walionya kuhusu uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti. Tena waliposema jina hung’ara gizani, walisema jina jema, si jina zuri. Uzuri waweza kuuona siku ya kwanza. Wema wa jina huletwa na mwenye jina.

Juzi nilimpigia simu mkazamwana. Nilimwomba radhi na kumweleza kuhusu LI-YA, naye akanivumilia. Kisha nikamsimulia habari za Nanjala: jinsi alivyozaliwa nyumba ikiwa haina hata punje, na jinsi alivyoishi maisha yake yote bila kumruhusu mgeni kuondoka kwake kabla hajala. Nilimwambia kwamba mtu aliyeitwa njaa ndiye aliyewashibisha watu kijiji kizima.

Alinyamaza kwa muda. Kisha akaniuliza, “Baba, mbona hukusema haya siku ile?”

Sikuwa na jibu la kitaaluma. Cheti cha kuzaliwa bado hakijaandikwa, na nafasi ya jina la pili ingali wazi. Sitaiomba. Mtoto ni wao. Mimi nimeanza kumwita Zuri, na kusema kweli, ulimi wangu haujalikataa.