Kwa Aliye Hodari: Neno la Mwisho la Alexander na Vita vya Warithi Wake

Vitabu vingi vya shule vinavyosimulia kifo cha Alexander wa Makedonia hurudia usemi mmoja: mfalme alifariki bila kuacha mrithi, ndipo majemadari wake wakaugawana ufalme. Sehemu ya kwanza ya usemi huo si kweli. Alexander alipofariki mjini Babeli, mwezi wa Juni mwaka 323 K.K., akiwa hajatimiza miaka 33, mkewe Roxane alikuwa mja mzito, na mtoto aliyezaliwa baadaye alikuwa wa kiume. Ndugu yake kwa baba, Arrhidaeus, alikuwa papo hapo mjini. Tena alikuwako mtoto Heracles, aliyehesabiwa kuwa mwana wake kwa Barsine. Warithi walikuwako. Ambaye hakuwako ni mrithi mwenye jeshi. Kwa hiyo anayeandika kwamba hapakuwa na mrithi huwa amekwisha kuazima, pengine bila kujua, lugha ya majemadari wenyewe.

Lugha hiyo ilipata nguvu yake katika neno linalodaiwa kutoka kinywani mwa marehemu. Inasimuliwa kwamba rafiki zake walimwuliza ufalme anamwachia nani, naye akajibu kwamba anamwachia aliye kratistos. Neno hilo la Kiyunani limebeba mzigo mkubwa kupita kiasi. Likifasiriwa kuwa «mwenye nguvu kuliko wote», basi miaka arobaini ya vita iliyofuata inakuwa utekelezaji wa wosia: waliopigana walikuwa wakijibu swali la mfalme. Likifasiriwa kuwa «aliye bora kuliko wote», vita vile vile vinageuka kuwa hukumu juu ya waliopigana, kwa kuwa hakuna hata mmoja aliyeufikia ubora huo.

Wenye kuisimulia habari hiyo katika zama za kale hawatumii neno moja. Arrianus ana kratistos. Curtius, aliyeandika kwa Kilatini, anatumia optimus, yaani aliye mwema au bora kuliko wote; naye Justinus, katika ufupisho wake wa kitabu cha Pompeius Trogus, anachagua dignissimus, anayestahili kuwapita wengine. Ushahidi wenye uzito zaidi ni wa Diodorus wa Sicilia. Karibu na mwisho wa kitabu chake cha 17 anaandika kratistos. Mwanzoni mwa kitabu cha 18, anapoirudia habari ile ile, anaandika aristos, bora. Mwandishi mmoja, kurasa chache tu katikati, anabadilisha neno bila kuona kwamba amebadilisha maana. Ni dhahiri kwamba msomaji wa Kiyunani alilisikia kratistos kama sifa ya mtu kamili, ingawa shina lake ni kratos, yaani nguvu na mamlaka.

Mfasiri wa Kiswahili hafiki mahali papya kabisa. Neno hilo hilo, katika umbo la kumwitia mtu, limo katika sura ya kwanza ya Injili ya Luka, pale Theofilo anapotajwa, na Biblia ya Kiswahili imelifasiri «mtukufu». Tafsiri hiyo inafaa katika anwani ya heshima, bali haifai kitandani pa mfalme anayekufa, kwa sababu majemadari wote waliosimama pale walikuwa watukufu tayari. «Mwenye nguvu» inaipoteza nusu ya neno. «Bora» inaipoteza nusu ya pili. Lililo karibu zaidi ni «hodari». Mtu huitwa hodari wa vita, akaitwa hodari wa kazi, na mwanafunzi akaitwa hodari pasipo kuinua ngumi. Neno hilo linaunganisha nguvu, uwezo na ushupavu, wala halimlazimishi mfasiri kumhukumu Ptolemaeus au Antigonus kabla msomaji hajawaona wakitenda. Atakayeandika «kwa aliye hodari kuliko wote» ataihifadhi fumbo ambalo wenye vita waliishi ndani yake.

Hata hivyo tafsiri nzuri haiithibitishi habari. Arrianus na Plutarchus wote wawili wanafuata kumbukumbu ziitwazo za kila siku za mfalme, na katika kumbukumbu hizo Alexander katika siku zake za mwisho hawezi kusema. Askari wanapita mbele ya kitanda chake. Kwa maelezo ya Arrianus, anawasalimu kwa kichwa na kwa macho tu. Mtu wa namna hiyo hatoi jibu la fumbo. Diodorus anaongeza kwamba mfalme alitabiri pia rafiki zake watamfanyia mashindano makubwa ya maziko. Utabiri uliotimia namna hiyo huwa umetungwa na anayejua mwisho wa hadithi, na mahali ulipowekwa, mlangoni pa kitabu cha 18, panaonyesha kazi yake: ni kilango cha mtunzi cha kuingilia katika vita.

Kitabu hicho cha 18 na viwili vinavyofuata ndivyo vinavyostahili kusomwa kuliko vingine vyote juu ya warithi, na sifa hiyo si ya Diodorus peke yake. Nyuma yake yuko Hieronymus wa Cardia, ambaye maandishi yake yamepotea. Hieronymus alimtumikia Eumenes, mtu wa mji wake. Akajeruhiwa na kutekwa. Kisha akamtumikia Antigonus aliyemshinda Eumenes, na ukoo wa Antigonus baada yake. Alijua ladha ya kushindwa, na jambo hilo linasikika katika kurasa za Eumenes kuliko mahali pengine popote.

Eumenes alikuwa Myunani, mwandishi wa mfalme, mgeni kati ya Wamakedonia waliomdharau kwa kalamu yake. Alipopewa amri ya kulinda haki ya wafalme, aliwaambia maofisa kwamba amemwona Alexander katika ndoto, amevaa mavazi ya kifalme, akiendesha shauri. Akaagiza kitengenezwe kiti cha enzi cha dhahabu, juu yake viwekwe taji, fimbo ya enzi na silaha za marehemu. Kila asubuhi majemadari walifukiza ubani mbele ya kiti kitupu, wakaketi kushauriana kama watu walio sawa. Msimuliaji hafichi kwamba ilikuwa hila ya mtu asiyeweza kuamuru kwa jina lake mwenyewe. Lakini hila hiyo inasema ukweli ambao wengine waliukimbia: kiti kilikuwa na mwenyewe, na mwenyewe hakuwa yeyote kati yao. Hakuna hotuba katika vitabu hivyo inayoujibu usemi wa kratistos kwa ukali kama kiti hicho kisichosema.

Kilichomwangusha Eumenes hakikuwa upungufu wa uhodari. Huko Gabiene, mnamo 316 K.K., askari wakongwe walioitwa Ngao za Fedha walishinda upande wao wa uwanja, huku wapanda farasi wa Antigonus, wakifichwa na vumbi, wakiteka kambi yenye wake zao, watoto wao na akiba yao yote. Wakongwe wale, ambao Diodorus anasema hakuna aliyekuwa chini ya miaka sitini, wakamtoa jemadari wao ili warudishiwe mali. Eumenes akauawa, nao wasaliti baadaye wakatawanywa, wengine wakapelekwa kwa liwali wa Arachosia kwa agizo la kwamba wasirudi.

Mengine ni mwendo ule ule. Ptolemaeus aliuteka mwili wa Alexander njiani, akaupeleka Misri. Perdiccas, msimamizi wa ufalme, akamfuata kwa vita, akashindwa kuvuka Nile, ambako watu zaidi ya 2,000 walipotea, wengi wakiliwa na mamba, na maofisa wake wakamwua. Arrhidaeus aliuawa kwa amri ya Olympias mwaka 317 K.K., Olympias mwenyewe muda mfupi baadaye. Mapatano ya mwaka 311 K.K. yaliweka sharti kwamba kila jemadari ashike sehemu yake hadi mwana wa Roxane atakapokuwa mtu mzima. Sharti hilo lilikuwa hukumu ya kifo. Cassander aliamuru mtoto na mama wauawe kwa siri, na Diodorus anasema wazi kwamba wengine nao waliondolewa hofu. Ilipofika 306 K.K. Antigonus na mwanawe Demetrius walijitwalia jina la mfalme, na waliobaki wakawaiga. Ipsus, mwaka 301 K.K., na tembo wa Seleucus, vilimaliza umri wa Antigonus. Mwaka 281 K.K. akafa Lysimachus, kisha Seleucus.

Plutarchus, ambaye wengi humsoma kwanza, anapendeza zaidi na anafundisha kidogo zaidi. Eumenes amemwoanisha na Sertorius, Demetrius na Antonius, na katika utangulizi wa jozi hii ya pili anakiri kwamba anataka mifano ya maovu. Tabia za watu zinang'aa. Swali la haki ya mtoto linafifia. Msomaji anaondoka akijua Demetrius alivyovaa, bila kuuliza alivalia taji ya nani.

Lipo jambo moja la kumwangalia Ptolemaeus kwa makini. Aliandika historia ya Alexander, nayo Arrianus akaiamini kuliko nyingine, kwa hoja kwamba mfalme angeona aibu kubwa zaidi kusema uongo. Hoja hiyo ina udhaifu wake, ikikumbukwa jinsi ufalme huo ulivyopatikana. Lakini Arrianus huyo huyo, anapofikia jibu la kratistos, hamtaji Ptolemaeus kuwa shahidi wake. Anasema tu kwamba wengine wameliandika.